Saa Nne ya Philister

Rimoti ya televisheni ikikaliwa na mjomba mpaka ikanyamaza, watu waliipeleka Luthuli Avenue kwa Philister, kibanda cha tatu ukiingia. Mwaka huo wa 2004 alikuwa na miaka sita hapo, bisibisi nyuma ya sikio, na mdomo uliotangulia akili. Mteja akiuliza, "Itapona?" yeye humjibu, "Kwani nimekwambia imekufa?"

Kibanda cha pili alikaa Kibe, fundi wa saa, mtu wa Kinoo. Mpole huyo, hata saa iliyomshinda aliirudisha kwa mwenyewe kama anampa pole ya msiba. Miaka mitatu walikuwa wakiazimana vifaa na kutaniana, na soko zima lilishachoka kungoja.

Ijumaa moja saa tatu asubuhi, Mzee Mbuthia wa Kitisuru alileta kidude kama rimoti, kidogo kama sabuni iliyobaki bafuni.

"Hii hurudisha saa nyuma," akasema. "Imegoma."

"Mzee, hapa tunatengeneza za televisheni. Ya dunia sijawahi kuletewa."

Mzee hakucheka. Akaiacha, akasema atapitia mchana.

Skrubu zake zilikuwa ndogo kama mbegu za mchicha, kwa hivyo Philister akamwita Kibe alete ile lenzi yake ya kuvaa jichoni. Kibe akaileta, lakini hakuondoka. Akasimama pale akisugua kidole gumba.

"Fili, Jumapili naenda nyumbani. Mama anataka kukuona."

Mdomo ukatangulia. "Kwani mimi ni maonyesho ya kilimo?"

Kibe akacheka kidogo, cheko la mtu aliyekanyagwa akasema si kitu. Akarudi kwake, akageuza stuli yake ikaangalia ukuta. Kwa miaka mitatu stuli hiyo ilikuwa ikimwangalia Philister.

Philister akabaki akikwaruza kutu ndani ya kidude, roho imemshuka. Alipokifunga akabonyeza kitufe kidogo kujaribu. Kikombe chake kitupu kikajaa chai, ile ile aliyoimaliza, na bado inatoa moshi. Akainywa tena. Halafu akili ikafika: kama chai imerudi, hata neno linaweza kurudi!

Lile neno lilimtoka saa nne kamili. Kioo cha kidude kilimuuliza arudi saa ngapi. Kichwani ilikuwa saa nne, kidole kikafuata kichwa, akabonyeza 4.

Lo! Kidude hakikulelewa kwa Kiswahili. Kwake 4 ilikuwa 4 ya redio ya wazungu, yaani saa kumi, tena ya jioni kwa kuwa hakuchagua alfajiri, na saa kumi jioni ya mwisho kupita ilikuwa ya jana. Philister akajikuta Alhamisi jioni, mkono mtupu, maana kidude kilikuwa hakijaletwa.

Akabaki hana la kufanya ila kuiishi upya. Akatembea mpaka Muthangari anakoishi, safari hii na mwavuli, kwa sababu mvua aliijua. Njia nzima alikariri: "Asante, Kibe. Nitakuja. Asante, Kibe. Nitakuja."

Asubuhi Mzee Mbuthia akafika. Philister hakutaka tena mchezo na kile kitu. Akakifungua kwa kupapasa tu, akakwaruza kutu kwa pini, akamrudishia mzee akiwa bado amesimama.

"Umejuaje ni hapo?"

"Nimeshaona nyingine kama hii."

"Nyingine?" Mzee akakitia mfukoni, akaondoka mbio.

Saa nne ikafika. Kibe hakuja. Saa nne na dakika kumi, bado. Philister akachungulia, akamwona ameinamia saa ya mtu, hana habari. Ndipo akagundua. Safari hii hakuitisha lenzi. Kibe angekuja kufanya nini? Na kidude kilikuwa njiani kurudi Kitisuru.

Akainuka, akaenda kibanda cha pili.

"Sasa, Kibe."

"Poa. Wataka lenzi?"

"Sitaki lenzi." Alikuwa na jibu zuri tayari, ila swali hakuna. "Jumapili unaenda nyumbani?"

"Naenda."

"Peke yako?"

Kibe akatoa lenzi jichoni polepole. "Hapo unauliza ama unajialika?"

"Najialika."

"Mama atakuuliza maswali, Fili."

"Aulize. Mdomo ninao."

"Huo ndio naogopa." Lakini uso ulikuwa umemchangamka. "Atakupikia githeri."

"Kwetu tunaita isyo, mahindi na maharagwe yale yale. Sufuria ni moja."

Kibe akaondoa boksi la saa mbovu kwenye stuli ya pili, akaifuta kwa mkono wa shati.

"Keti basi," akasema. "Nikwambie kwanza habari za shangazi yangu, ndiyo ujipange."