Fundi Aliyekataa Kutia Sahihi

Barua ya shule ilikuwa na mistari minne na nafasi ya sahihi ya mzazi. Ilisema mtoto amepimwa, hakutimiza vigezo vya elimu maalumu, na faili lake limefungwa kwa mwaka huu. Fundi cherehani aliisoma amesimama mbele ya meza ya mwalimu mkuu, bintiye wa darasa la tatu ubavuni.

"Tia sahihi hapo, mama," alisema mwalimu mkuu. "Habari njema hizo. Mtoto mzima."

"Mzima wa nini, mwalimu? Hajui kusoma."

Mpimaji, mama mwenye miwani aliyetumwa na ofisi ya elimu, alifungua faili. Ili asaidiwe, mtoto lazima awe nyuma ya darasa lake kwa miaka miwili. Huyu kwenye mtihani alipata sabini na moja kwa mia, na ukurasa wa arobaini wa kitabu cha darasa aliusoma bila kukwama.

Fundi alicheka, kicheko cha mtu aliyejikata kwa mkasi wake mwenyewe. Kila alasiri, mguu ukikanyaga cherehani, alimsomea bintiye kitabu hicho kwa sauti. Mtoto alikaa juu ya robota la vitambaa akirudia neno kwa neno, hata pale mama alipokohoa naye alikohoa. Wenzake walimwita Kasuku. Mtihani nao, kwa kuwa karatasi hazitoshi, mwalimu wa darasa huwasomea maswali. Mama alimsaidia mwanawe hadi akamkosesha msaada.

"Kitabu chote kimo kichwani mwake, dada. Mpe kingine."

"Utaratibu unataka kitabu cha darasa lake," mwalimu mkuu alidakia. "Mama, wenzako wanatuomba watoto wao wasiandikwe huko. Wewe unalilia aibu?"

"Nalilia mtu wa kumfundisha kwa njia anayoiweza. Anayeona aibu aje amsomee mtihani wa darasa la saba."

Akamwinamia bintiye. "Ukitaka tu, mwanangu. Msomee dada hii barua."

Kasuku aliipokea, akaikazia macho kitambo, kisha akamrudishia mama yake.

"Hiyo sijaisikia," alisema, wala hakuinamisha kichwa. "Nisomee mara mbili, halafu waniulize."

Mpimaji alivua miwani. Mwalimu mkuu alikohoa, akasema basi, labda mwakani. Faili likishafungwa limefungwa.

Fundi alichukua kalamu. Kwenye nafasi ya sahihi akaandika SIKUBALI, herufi nene kama za chaki juu ya kitambaa. Kisha akaketi kwenye benchi la mlangoni, akatoa sindano na mfuko wa kola za sare.

"Ziko kumi na nane. Nikizimaliza, nyumbani ziko nyingine. Siondoki bila tarehe ya kupimwa upya."

"Mama, hii ni ofisi!"

"Ndiyo maana nimekuja na kazi."

Alikuwa kwenye kola ya nne mpimaji alipotoka na karatasi mpya. Alhamisi, saa tatu asubuhi, kwa hadithi ambayo mtoto hajawahi kuisikia.

"Lakini wiki hii usimsomee kitu, tafadhali."

"Nitamsomea kama kawaida," alisema fundi, akikata uzi kwa meno. "Hadithi mpya utatafuta wewe."