Kabati la Akaju la Mama Bea

Aibu hii nimeificha miaka, ila mmeng'ang'ania, haya. Mwishoni mwa miaka ya tisini nilikuwa seremala Pinetown, na Mama Bea, Mkongo aliyekuwa anafungua saluni Isipingo, akaniagiza kabati la mkangazi, yaani mahogani. Mkangazi sikuwa nao. Ila mzungu mmoja wa Westville alikuwa ameangusha mti bustanini kwake, ule wenye majani kama nyota, akaniambia beba tu, nikaupasua, nikakuta ndani wekundu mzuri ajabu, nikajisemea, nani atajua? (Hapo ndipo nilipojiponza, bila kusukumwa na mtu.) Nikazianika mbao wiki mbili juani, nikapiga randa, nikaunda kabati, nikapaka vanishi, nikalipeleka.

"Fundi, hii iko akaju ya kweli?" akauliza Mama Bea, maana mkangazi wao huuita hivyo.

"Akaju tupu, mama!"

Wiki iliyofuata, siku ya ufunguzi, watu wamejaa, mchungaji kamaliza kuomba, Mama Bea anakwenda kutoa mafuta ya mteja wa kwanza, milango haifunguki. Imejikunja! Nami badala ya kunyamaza nikajitia ushujaa, "Niachieni," nikakanyaga kabati kwa mguu, nikavuta, mlango ukang'oka na bawaba zake, nikarudi nao kinyumenyume mpaka mapajani mwa mchungaji, chupa za mafuta zikitumwagikia sote wawili.

Mwenye jengo, mzee wa Kihindi aliyewahi kufanya kazi kiwanda cha mbao, akauokota mlango, akaunusa, akazisoma nyuzi zake.

"Huu si mahogani," akasema, kila mtu anasikia. "Ni switigamu, ule mti wa majani kama nyota. Ukiukausha polepole, umeupanga vizuri na kuuwekea uzito, ni mali: fanicha, plaiwudi, hata Wamarekani huupaka rangi ufanane na miti ya bei. Ukiukausha ovyo hivi, labda makreti ya matunda."

Yaani nilikuwa na mbao nzuri mkononi, nikaziharibu kwa haraka, halafu nikazisingizia jina! Nilijichukia.

Mama Bea hakufoka, afadhali angefoka. "Fundi, ungenieleza tu iko muti ingine. Ningekubali."

Nilimtengenezea kabati lingine, naye akamwita yule mzee alikague kabla halijavuka kizingiti, mimi nimesimama nje kama mwizi. Siku hizi mteja akiniuliza huu mti gani, na siujui, namwambia siujui. Wengine huondoka. Waende.