Koti la Kahawia kwenye Picha ya Tatu

Wateja walimwita Mama Futi, kwa sababu futi ya kupimia haikumtoka shingoni hata msibani. Alikuwa fundi cherehani, na alikuwa na tabia moja iliyomchekesha sana mdogo wake: kila nguo iliyoingia kibandani kwake sokoni aliibandika karatasi kwa pini, na kwenye karatasi hiyo aliandika habari za mwenyewe bila kumstahi. "Mwalimu wa hesabu, bega la kushoto limelala." "Bibi harusi, anasema atapungua, usimwamini."

Mwaka uliopita shule moja ilimwagiza sare mia mbili. Akachukua vitambaa kwa mkopo kwa Bwana Jora, mwenye duka la jumla, akashona mpaka vidole vikafa ganzi. Shule ikafungwa kabla haijalipa hata suruali moja. Bwana Jora alikwenda mahakamani akashinda, na hilo Mama Futi hakulibishia, deni ni deni. Lakini sasa bwana huyo alimvalia njuga. Alitaka akamatwe, akae gerezani miezi sita kama mtu mwenye mali anayeificha. Binti yake wa darasa la sita angelala kwa nani? Wiki tatu nzima Mama Futi alipita nyuma ya vyoo vya soko, roho juu, akiogopa kila mwanamume aliyebeba bahasha.

"Dada, utajificha mpaka lini?" mdogo wake alimuuliza. "Nenda mwenyewe kwa karani, useme huna. Anayefungwa ni mwenye nacho akakataa kulipa."

"Na wewe sheria umesomea wapi?"

"Pale pale mlangoni pa mahakama. Mwaka wa nne huu nauza maji."

Akaenda. Karani alimsaidia kuandika ombi la kuzuia hati ya kukamatwa na kuruhusiwa kulipa kidogo kidogo, kisha akampa nakala ya ushahidi wa Bwana Jora. Zilikuwa picha za kibanda chake, zimepigwa kutoka mlangoni, nguo zimening'inia ukuta mzima. Mama Futi aliitazama picha ya tatu, akairudia, akaanza kucheka peke yake mpaka karani akamuuliza kama yu mzima.

Siku ya kesi alifika na mifuko miwili mikubwa. Wakili wa Bwana Jora akasimama na picha zake.

"Mheshimiwa, mtu mwenye suti na magauni ishirini na saba hawezi kusema hana kitu."

Mama Futi akaiweka mifuko yake mbele ya hakimu.

"Mheshimiwa, hizo nguo ni za wateja. Nimekuja nazo zote. Kila moja ina karatasi ya mwenyewe."

Hakimu, mama wa makamo asiyependa kupotezewa muda, alisoma ya kwanza, ya pili, ya tano, midomo ikimcheza. Kisha akainua koti la kahawia, lile la kwenye picha ya tatu, akasoma kwa sauti: "Bwana Jora. Tumbo limelizidi koti. Ongeza inchi mbili, akibisha ongeza tatu."

Ukumbi mzima ulicheka. Askari wa mlangoni aligeukia ukutani, mabega yakimtikisika.

"Ni lako?" hakimu akamuuliza Bwana Jora.

"Nililipeleka mwaka jana, mheshimiwa. Nililisahau."

"Kwa hiyo unataka huyu mama afungwe kwa utajiri wa koti lako."

Hakimu akaandika: hakuna ushahidi kwamba mdaiwa ana mali anayoificha, kwa hiyo hatakamatwa. Deni litalipwa kila mwezi kwa kadiri ya kipato chake, na cherehani isiguswe, maana ndiyo itakayolilipa. Mama Futi alilia papo hapo, akajifuta kwa ncha ya futi.

Nje, kwenye korido nyembamba, Bwana Jora alilivaa koti lake. Likafunga bila taabu.

"Limekaa," akasema, bila kumtazama.

"Najua. Niliongeza tatu. Na ufundi wake hujalipa."

Bwana Jora akaingiza mkono mfukoni.

"Acha," Mama Futi akamwambia. "Andika kwenye daftari lako kwamba nimeshaanza kulipa."

Akasimama pale pale mpaka Bwana Jora alipomaliza kuandika. Kisha akabeba mifuko yake, akarudi sokoni kwa mlango mkubwa wa mbele, akisalimia kila mtu, hata wasiomjua.