Anayesikiliza sakafu ya wodi ya figo

Saa tatu asubuhi, mama mmoja amelala kifudifudi kwenye ukumbi wa hospitali. Sikio lake liko kwenye ncha ya nondo ya chuma, ncha ya pili imegusa sakafu. Mgeni angedhani ameanguka. Wanaomjua wanapita kwa kunyata, maana huyu ni fundi wa maji ambaye wenzake wanamwita Sikio.

Chini ya zege bomba limepasuka. Maji hayafiki wodi ya figo, na mashine za kusafisha damu bila maji ni mapambo tu. Tangi la akiba litawafikisha saa sita wagonjwa waliokwisha kuunganishwa. Wengine wako kwenye benchi, wanangoja. Mmoja wao, miguu imevimba na pumzi zinamkatika, ni mama mkwe wa Sikio.

Anayeshika nyundo na tindo ni mumewe, mtoto wa mgonjwa huyo. Siku nyingine mke husikiliza, mume huvunja, na mume hudai kwamba hata nyumbani mgawanyo wa kazi ni huohuo. Leo hana hamu ya utani.

Mabomba yako mawili: la chuma, kuukuu, upande wa kushoto, na la plastiki upande wa kulia. Yanaachana chini kwa chini baada ya koki moja, kwa hiyo huwezi kufunga moja ukalijaribu jingine. Na zege ni nene. Mpaka saa sita watamaliza shimo moja tu.

Mume anataka kushoto, tena sasa hivi. Hajakosea sana: kwa uzoefu wao, kwenye sakafu kumi za namna hii, saba mkosaji ni chuma. Lakini chuma kikipasuka hupiga mluzi, na Sikio hasikii kitu. Plastiki yenyewe humeza sauti hata ikipasuka. Anainua mkono kuonyesha kulia, halafu anaushusha.

"Kimya kilizidi," anasimulia baadaye. "Hata chuma kizima, kikiwa na maji, hunong'ona. Hiki hakikunong'ona."

Anauliza nani kagusa koki. Mhudumu wa usafi anajitokeza polepole na kukiri kwamba ameifunga yeye, kwa nia njema, ukumbi usifurike. Kumbe muda wote huo Sikio alikuwa anasikiliza mabomba makavu.

Koki inafunguliwa. Analala tena. Chuma sasa kinanong'ona, lakini mluzi haupo.

"Vunja kulia," anamwambia mumewe.

"Una hakika?"

"Sina. Chukua sakafu mia kama hii. Sabini kosa ni la chuma, ila kati ya hizo ni saba tu zitakazokosa mluzi, uchafu ukiziba tundu. Thelathini ni plastiki, na karibu zote hazina mluzi. Sisi tuko kwenye zisizo na mluzi. Mara nane kwa kumi ni kulia."

"Na hizo mbili?"

"Hizo mbili mama yumo."

Mume anamtazama, anaanza kuvunja kulia.

Zege linatoka. Chini yake mchanga ni mkavu. Anachimba zaidi, bado mkavu, na anageuka kumtazama mkewe kwa macho ambayo Sikio anasema hatayasahau. Anamwambia aendelee. Mara tindo inazama kwenye tope na maji yanamrukia usoni. Mwanamume mzima anakaa chini humohumo kwenye maji, analia bila kujificha.

Kabla ya saa sita bomba limeshafungwa kiungo kipya, na mama yake anaingizwa wodini.

Sifa zinazomiminika zinamkera Sikio. "Wanasema nilijua. Sikujua. Hata kama tungekuta bomba zima, hesabu ingekuwa ileile, haina kosa, na mimi ningekuwa nazika mkwe."

Ameiomba hospitali iweke koki mbili juu ya sakafu, kila bomba na yake, na ameahidiwa kwamba ombi litafikiriwa. Wiki ijayo mama mkwe anarudi kwenye mashine, na Sikio ameomba ruhusa kazini ili amsindikize kama mkwe tu.

"Asubuhi ile aliniita kutoka kwenye benchi," anasema. "Aliniita mara mbili. Nilimsikia, nikamwashiria anyamaze."