Mtandao wa Juu ya Jiwe

Kosa likiwa jekundu halinitishi. Ukifungua kile kidirisha cha chini ya brauza unayofungulia kurasa za mtandao, kile wenzangu wanachokiita konsoli, ukakuta maandishi mekundu yamepangana, hapo una bahati. Mashine inakwambia mstari wa arobaini umeharibika, unaenda mstari wa arobaini, unarekebisha, unakunywa chai yako. Linalochosha ni kosa lisilosema. Konsoli imetulia, safi, kama nyumba iliyofagiwa, na huku watu hawafiki.

Watu wenyewe walikuwa wazee wa Ringwani wenye mtoto wa jicho. Madaktari wa macho walikuwa wanakuja Mugumu kwa siku mbili kupasua, na muuguzi aliyepewa kazi ya orodha alikuwa mteja wetu pale steshenari ninapotoa kopi. Aliniona nikichezea kurasa zangu kwenye laptopu ya duka, akauliza kama naweza kutengeneza ukurasa wa kuandikisha wagonjwa kwa simu, ili wa vijijini wasihangaike kuja mjini mara mbili. Mimi nilimaliza kidato cha nne kwa daraja ambalo ukilitaja watu wanakupa pole. Haya mambo ya kurasa nilijifunza kwa video, bando likiisha naachia njiani. Nikasema ndiyo kabla hajamaliza kuuliza. Siku hiyohiyo nilishaona ofisi yangu, ya vioo, yenye kiti kinachozunguka.

Nafasi zilikuwa za kuhesabika, anayewahi ndiye anayepata. Upande wa Ringwani kazi ilikuwa ya mhudumu wa afya wa kijiji, mama mmoja mcheshi mwenye simu ya kupangusa, karibu ya pekee pale mtaani kwao. Jumatatu akaanza na mama mkwe wake, kwa heshima. Bibi huyo alikuwa haoni macho yote mawili tangu misimu mitatu iliyopita, wajukuu anawatambua kwa kuwapapasa vichwa. Jioni mama akanipigia kwamba ameandika watu tisa. Nikafungua orodha. Mmoja.

"Mama, mimi naona mmoja tu. Umemwandika kuwa ni jirani yako."

"Mmoja wa nini? Nimekaa hapa mpaka mgongo umekufa ganzi. Huyo jirani ndiye aliyekuja wa mwisho kabisa."

"Ukimaliza kumwandika mtu, inakuonyesha nini?"

"Alama ya kijani. Imehifadhiwa. Si ndiyo wewe uliyeiweka?"

Ni mimi niliyeiweka. Jumanne asubuhi nilipitia kila mstari nikiwa na wateja wa kopi mbele yangu. Nikajiandikisha mwenyewe, nikafika. Nikajiandikisha tena kwa simu ya mwenye duka, nikafika. Konsoli kimya. Nikasema labda ni simu ya mama, labda brauza yake ni ya kizamani. Nikampigia tukague pamoja.

"Shuka chini kabisa, mama, uniambie unaona nini."

"Chini kabisa naona mkeka."

"Chini ya ukurasa."

"Ah, sema ukurasa. Sasa binti, nikiwa naongea na wewe simu iko sikioni. Nisome kwa sikio?"

Tulicheka, lakini kicheko cha watu waliochoka. Siku hiyo aliandika sita, akafika mmoja, tena wa mwisho. Majirani wakaanza kusema maneno. Walisema mama anachagua watu wake. Na kama anachagua watu wake, mbona mkwe wake hayumo? Hilo hakuna aliyejiuliza.

Jumatano nilifanya lile ambalo kila mtu wa kazi hii hulifanya akiishiwa. Nilimwambia aingie kwenye mipangilio, afute kumbukumbu zote za brauza, tuanze upya. Akafuta kama nilivyomwelekeza, hatua kwa hatua, baada ya kuwa ameshaandika saba. Jioni hakufika hata yule wa mwisho.

Niliiangalia orodha kwa muda mrefu. Nilikuwa nimefuta kumbukumbu, na mtu akapotea pamoja nazo. Maana yake mtu huyo alikuwa ndani ya simu, anasubiri. Anasubiri nini? Nikampigia tena, aibu imenijaa.

"Mama, ukiwa unawaandika huwa uko wapi?"

"Nyumbani. Ulitaka niwe wapi?"

"Na mtandao hapo nyumbani?"

"Nyumbani ni wa kupiga simu tu, intaneti haishiki. Intaneti iko juu ya lile jiwe kubwa la nyuma ya malisho. Naandika wote hapa, jioni napanda nao."

"Kwa nini usiwaandikie hukohuko juu?"

"Mwanangu, hao hawaoni. Nitawapandishaje jiwe?"

Nilizima mtandao wa laptopu, nikaandika jina la shangazi yangu. Alama ya kijani. Nikaandika la mjomba. Alama ya kijani. Nikafungua pale brauza inapotunza vitu vyake, nikamkuta mjomba peke yake. Nilikuwa nimeweka kisanduku kimoja cha kumtunza mgonjwa mpaka mtandao urudi, na kila mgonjwa mpya aliingia kwa kumsukuma nje aliyemtangulia. Kosa halikuwa na rangi kwa sababu brauza haikukosea chochote. Ilifanya nilivyoiambia. Mimi ndiye niliyedhani kila mtu anajiandika kwa simu yake, mimi niliyekulia kwa watu wanaopigiwa simu kupitia kwa jirani.

Kulirekebisha kulinichukua mistari sita. Kisanduku kikawa foleni, kila mtu na nafasi yake. Lakini majina yalikuwa yameshapotea, hakuna mstari wa kuyarudisha, na orodha ilikuwa inafungwa Alhamisi saa kumi jioni.

Alhamisi alfajiri nilipanda pikipiki kwenda Ringwani. Nilimkuta mama anakamua. Nikamsalimia, nikamweleza yote pale zizini, amechuchumaa, mikono haijasimama.

"Kwa hiyo mkwe wangu nilimfuta mimi, kwa kidole changu?"

"Hapana, mama. Nilimfuta mimi."

"Watu wameninunia wiki nzima."

"Nitawaambia."

"Uwaambie mmoja mmoja. Mimi sina mdomo tena."

Tulizunguka nyumba kwa nyumba. Kila mlango nilianza na shikamoo, nikasema kosa ni langu, mama hakuchagua mtu. Wengine walinipa kiti. Mzee mmoja aliniuliza kama mashine nayo inakula rushwa. Majina yote ishirini mama alikuwa nayo kichwani, pamoja na jicho la kila mmoja, la kulia au la kushoto. Tukawaandika upya, saa nane tukapanda jiwe, jua limepamba moto. Foleni ikaondoka yote, mmoja nyuma ya mwenzake. Mama aliwahesabu kwa sauti mpaka wa ishirini, kisha akakaa chini.

Nikampigia muuguzi. Akasema nafasi zimejaa tangu saa nne asubuhi, hawa wote wanaingia akiba. Nikamwambia bibi aliandikwa Jumatatu, wa kwanza kabisa.

"Nakuamini," alisema. "Ila kuna vijiji vingine navyo vinasema hivyo. Nimtoe nani?"

Nikamwambia amwandike hivyohivyo, akiba.

Bibi akawa wa tatu kwenye akiba, nyuma ya wawili wa vijiji vingine. Siku ya pili ya upasuaji tulikaa naye kwenye benchi la hospitali Mugumu tangu asubuhi, yeye katikati, mama huku, mimi huku. Kikurya changu cha Tarime na kilugha chake vinaelewana, japo alikuwa ananicheka matamshi. Watu wawili hawakutokea. Akaitwa wa kwanza wa akiba, akaitwa wa pili. Ilipofika saa kumi na moja madaktari walitoka wakivua glavu.

"Wamemaliza?" bibi aliuliza.

"Wamemaliza, bibi."

"Na wewe ndiye wa hiyo simu."

"Ni mimi."

Akanipapasa kichwa, polepole, kuanzia kwenye paji mpaka kisogoni, kama anavyofanya kwa wajukuu. "Kichwa kidogo," akasema. "Kitajaa."

Mama alicheka. Mimi nilishindwa.

Muuguzi akaja na karatasi ya awamu ijayo, ile ya baada ya mavuno. Aliiweka juu ya benchi, akaandika jina la bibi juu kabisa mbele yetu. Bibi akataka kujua limeandikwa wapi. Nikamshika kidole, nikakiweka pale. Alikiacha hapo kwa muda, akikisugua kidogo, mpaka wino mbichi ukachafuka na jina likawa halisomeki. Muuguzi akaliandika upya, kwa herufi kubwa. Nami nikatoka nje kutafuta pikipiki ya kuwarudisha nyumbani.