Wafalme wa Baba na Kaburi la Mama

Baba yangu alijua walikozikwa wafalme wote wa Ulaya. Natia chumvi kidogo, lakini si sana. Sikupata kumtajia mfalme hata mmoja akashindwa kuniambia amelazwa kanisa gani, ubavuni mwa nani, na kama kichwa chake bado kimo.

Maradhi hayo aliyapata skuli. Alisoma Unguja enzi za Mwingereza, na watoto walikaririshwa wafalme wa Uingereza mmoja baada ya mwengine. Aliyeruka mmoja alichapwa mikononi. "Nimekula bakora kwa ajili ya watu ambao hata salamu yangu wasingeitikia," alikuwa akisema. Baadaye naye akawa mwalimu wa historia, akawakaririsha wengine wafalme walewale, na jambo hilo lilimuudhi mpaka uzeeni. Tulipohamia Maskati alipata kazi ya ofisini, akaifanya miaka mingi bila ya kuipenda. Alipostaafu alinunua daftari la mistari, la watoto wa skuli, akaanza kuandika makaburi. Vita na mikataba havikumshughulisha tena. Alitaka kujua tu mtu aliyeamrisha nchi nzima alifanywa nini siku alipokuwa hawezi tena kuamrisha.

Baada ya kahawa ya alasiri, nyumbani kwetu Ghubra, alitusomea, tutake tusitake. Kulikuwa na malkia wawili wa Uingereza, ndugu wa baba mmoja, waliochukiana wee, kisha wakatiwa kaburi moja, mmoja juu ya mwenziwe. Hilo alikuwa ameliona kwa macho yake, alipopelekwa huko masomoni ujanani. Kulikuwa na mfalme aliyeuawa vitani, akapotea mamia ya miaka, akaja kuonekana chini ya maegesho ya magari. Hapo baba alicheka kila mara mpaka akapaliwa. Na kulikuwa na watawala wa Vienna, ambao miili yao imo kanisa moja, mioyo kanisa la pili, na matumbo kanisa la tatu.

"Hata maini?" mama aliuliza siku aliyolisikia hilo mara ya kwanza.

"Hata maini."

"Ya Rabbi! Na siku ya kufufuliwa watakwenda kuokotana vipi?" Akanyanyuka na sinia lake la vikombe. "Mimi nikifa nizikeni upesi, na mzee huyu mumkataze kuniandika."

Tulimzika upesi. Alifariki ghafla, asubuhi, baba akiwa Unguja kwenye msiba wa kaka yake. Kwetu maiti hawekwi kungojea ndege. Adhuhuri alisaliwa, na kabla ya alasiri mimi nilikuwa nimesimama ndani ya kaburi, nimenyoosha mikono kumpokea. Baba alifika kesho yake jioni. Alikaa na watu, akaitikia pole zao, akanywa kahawa yao, na nilipomwambia nimpeleke makaburini alinyanyua kiganja kunizuia.

"Ntakwenda. Sio leo."

Hakwenda. Nadhani maadamu hajaliona kaburi, kwake ilikuwa bado hajafiwa sawasawa. Badala yake alinituma. Kila Idi, na Ijumaa nyingi, nikishika ufunguo wa gari aliniambia, "Nisalimie mamako." Nikirudi aliniuliza, "Umemfikishia?" Nami nikamjibu kuwa nimemfikishia.

Inanipasa nieleze makaburi yetu yalivyo, kwa asiyeyajua. Ni uwanja mpana wa changarawe chini ya milima mikavu, na mawe. Hakuna jina, hakuna tarehe, hakuna saruji. Mwanamme huwekewa mawe mawili, moja kichwani na moja miguuni. Mwanamke huongezewa la tatu, katikati. Basi, hayo tu. Waziri na mfagiaji wa wizara yake hutawatofautisha. Naipenda desturi hii na sitaki mtu aibadilishe, ila inadai jambo moja: aliyezika akumbuke.

Mimi sikukumbuka. Mwaka wa kwanza nilimjua mama kwa kuwa alikuwa wa mwisho kwenye safu ya tatu kutoka ukutani. Kisha safu ikaendelea, wengine wakalazwa mbele yake. Ukuta ulibomolewa ukajengwa mbali zaidi. Ikaja mvua ile kubwa, wadi, lile bonde kavu la maji, likafurika, maji yakapita juu ya makaburi yakavuruga mawe, na watu wakayarudisha walivyoweza. Ningeweza kwenda wiki ile ile, nikakaza macho, nikapata. Lakini nilikuwa na kazi yangu Al Khuwair, na watoto, na foleni ya barabara kuu, na zile sababu zote ambazo mtu huwa nazo. Nilipokwenda, nilijikuta nimesimama baina ya makaburi mawili nisijue lipi. Niliomba dua nikiwa nimeelekea katikati yake. Mara ya pili yalikuwa matano. Mwishowe nikawa sivuki hata mlango. Nasimama pale pale, nawatolea salamu wote kwa jumla, narudi nyumbani kumwambia baba kuwa nimefikisha. Niliyafanya hayo miaka kumi na moja, na aibu yake nilikwisha kuizoea.

Ikaja siku aliyozikwa malkia wa Waingereza, yule aliyetawala mpaka watu wakasahau kuwa naye atakufa. Baba alikaa mbele ya televisheni tangu mchana, kanzu imepigwa pasi, kofia kichwani, utasema anakwenda kutoa mkono wa pole. Dada yangu mkubwa, anayekaa Al Khuwair, alipiga simu kuuliza kama mzee keshakula, akajibiwa asimkatishe. Kila hatua baba alinieleza yeye kabla ya mtangazaji. Walipoliondoa taji juu ya jeneza alisema, "Haya, sasa mtu kama mimi na wewe." Kisha jeneza likaanza kushuka polepole ndani ya sakafu ya kanisa.

"Mumewe kawekwa huko chini tangu mwaka jana, akimngojea," baba alisema. "Sasa watatiwa pamoja. Na wazee wake wamo humo humo, na mdogo wake."

Watu wa kwenye televisheni walikuwa wakiimba. Akaniuliza bila ya kunigeukia:

"Na mama yako yuko wapi?"

Alikuwa amepindukia themanini, na kwa muda mrefu nilikuwa nikiiogopa siku ambayo akili itaanza kumkimbia. Nikamjibu taratibu, kwa sauti ninayotumia na watoto.

"Mama keshafariki, baba."

"Najua keshafariki, alikuwa mke wangu. Nnakuuliza yuko wapi."

"Makaburini."

"Makaburi makubwa yale. Wapi khasa?"

"Nnapajua," nikasema.

"Basi nipeleke Ijumaa. Nimekutuma vya kutosha, nataka nimsalimie mwenyewe."

Alkhamisi niliomba ruhusa kazini nikaenda peke yangu kutafuta. Nilihesabu safu kutoka ukuta mpya, nikahesabu tena kutoka mahali nilipodhani ukuta wa zamani ulikuwapo. Jua lilikuwa linaunguza, na mawe yote yalikuwa mawe. Gari langu lilikuwa pale nje. Ningeweza kupanda, nikarudi Ghubra, nikamwambia mzee wangu kweli kabla hajavaa viatu. Badala yake nilichagua kaburi. Lilikuwa na mawe matatu, lilikuwa karibu na pale ninapopakumbuka, na nilijiambia kuwa huenda ikawa ndilo. Nikapiga picha njia ya kulifikia, lisije likanipotea na hilo pia.

Ijumaa, baada ya sala ya alasiri, nilimshika mkono nikamwongoza mpaka hapo. Alisimama, akavuta pumzi, akatoa salamu. Kisha akazungumza, si na mimi.

"Nisamehe, mke wangu. Nimechelewa sana. Nilikuwa natuma mtu."

Hapo ningeomba ardhi inimeze. Yeye akainama, akanyoosha bakora yake, akaligusa jiwe la katikati, vile unavyomgusa bega mtu aliyelala unayetaka aamke bila ya kushituka. Jiwe likabingirika. Lilipotoka hapakuwa na shimo wala alama, changarawe ilikuwa sawa kama uwanja. Lilikuwa jiwe lililoletwa na maji likakaa tu hapo. Yaliyosimama yalibaki mawili.

Baba alilitazama jiwe, akayatazama yale mawili, akanitazama mimi.

"Huyu mwanamme."

"Labda limelegea, baba. Mvua ile..."

"Halikupata kufukiwa hili." Alingoja nimalize uongo wangu, akaona siendelei. "Mamako yuko wapi?"

"Sijui."

"Tangu lini?"

Nilitaka kupunguza, nikashindwa. "Tangu mwaka wa pili."

"Na salamu zangu?"

Aliutoa mkono wake mkononi mwangu. Akamgeukia yule mwanamme asiyemjua, akamuombea dua nzima, bila ya haraka, akaitikia amin mwenyewe. Kisha akaanza kutembea peke yake ndani ya safu. Kila penye mawe matatu alisimama, akatoa salamu, akangoja kidogo kama aliyepiga hodi, akaenda mbele. Nilimfuata nyuma, nikimwita, naye hakugeuka. Alifika kaburi la ishirini hivi, magoti yakakataa, akakaa chini kwenye changarawe na kanzu yake nyeupe. Nilimbeba mpaka kwenye gari. Alikuwa mwepesi kuliko nilivyotegemea, na mimi nililia njia nzima ya kurudi mlangoni, mtu mzima mwenye mvi, bila ya kujali nani ananiona.

Tulipokuwa barabarani ndipo aliposema.

"Wafaransa waliwafukua wafalme wao wakawatupa mashimoni. Walipotaka kuwarudisha kanisani mifupa ilikuwa imeshachanganyika. Unajua walifanyaje?"

Nilijua, alikwisha kutusomea mara chungu nzima. Nikasema sijui.

"Waliiweka yote pahala pamoja, wakayaandika majina yote. Hawakumshika mkono mtu wakamwonesha mfupa wakamwambia, huyu ndiye wako."



Sitasema kuwa alinichukia. Tuliendelea kunywa kahawa pamoja, aliwauliza watoto habari za masomo, na nilipougua homa alinijia chumbani na bakora yake kunitazama. Lakini Idi iliyofuata nilishika ufunguo wa gari, nikasimama mlangoni, nikangoja. Alikuwa na daftari lake mapajani. Nikauchezesha ufunguo ili ulie, nikakohoa. Alifunua ukurasa mwengine. Nikatoka bila ya salamu, na sikuwa na mahali pa kwenda, nikazunguka Ruwi na gari mpaka adhuhuri.

Mara moja tu alilirudia jambo hilo. Alikuwa kitandani, na sote tulijua kuwa hatanyanyuka.

"Nikifa nilaze pale safu ilipofika," aliniambia. "Usinitafutie nafasi karibu na mamako. Hupajui."

Alifariki kabla ya Ramadhani. Asubuhi ile, nikitafuta vyeti vyake, nilifungua daftari kwenye ukurasa wa mwisho alioandika, ambao hakutusomea. Ni habari ya mfalme wa Ureno aliyeagiza kaburi lake na la mwanamke aliyempenda yaelekeane, miguu kwa miguu, ili siku ya kufufuliwa wakiinuka waonane wao kwanza. Chini ya hapo aliacha mistari mitupu. Nililifunga, nikaenda kumzika.

Nilimlaza pale safu ilipofika, kama alivyosema. Mawe yake mawili niliyafukia mwenyewe, nikayatikisa kwa mikono yote miwili mpaka nikaridhika kuwa hayatoki. Kisha nikapima hatua hadi ukutani, na hadi mlangoni, na nikaiweka alama ya pahala hapo kwenye simu. Wenzangu walinitazama. Mmoja akaniambia, twende, ndugu yangu, watu wanatungojea.

Nyumba ilikuwa imejaa. Wanaume walikuwa sebuleni, wanawake ndani, na harufu ya udi ukumbini. Dada yangu alitoka kwa wanawake akanivuta pembeni, kanga imemkaza usoni, macho yamemvimba. Yeye, kama wanawake wetu wengi, hajapata kukanyaga makaburi yale. Anayoyajua ni yale tunayomletea sisi.

"Umemlaza karibu na mama?"

Jibu alilolitaka lilikuwa neno moja. Lingemtuliza, asingepata kulihakiki maishani, na mimi nilikuwa fundi wa jibu hilo kwa miaka kumi na moja. Lilinijia lenyewe mpaka kwenye ulimi.

"Sijui mama alipo, dada," nikamwambia. "Nilimpoteza zamani. Baba alijua."

Hakulia. Aliitazama mikono yangu, bado ina vumbi la kaburi.

"Mimi nilimkosha," alisema. "Nikamsuka nywele zake, nikamvisha sanda, nikamtia kafuri, nikakukabidhi wewe hapo mlangoni. Wewe ulikuwa na kazi moja tu."