Siku Mkubwa wa Majambazi Alipotabasamu

Niliacha shule darasa la tatu, na shule haijawahi kunifuata kuniuliza nilienda wapi. Nilibeba miraa mgongoni kutoka shambani mpaka Laare nikiwa miguu mitupu, nikanunua baiskeli, kisha pikapu, kisha ploti, na leo nyumba yangu ni ya mawe niliyoyachagua mwenyewe. Nasema haya mapema ili msomaji ajue anazungumza na nani. Sijawahi kuiba hata yai. Jogoo wangu nilimnunua.

Jogoo nimemtaja kwa sababu yumo kwenye kitabu.

Binti yangu wa mwisho huchora. Nilimsomesha mpaka chuo, akatoka huko akiwa mchoraji wa vitabu vya katuni, vile vya watu wanaopaa hewani na kuwapiga wabaya mateke. Nilimuuliza kama hiyo ni kazi. Akasema ni kazi. Nikasema, "Nimesikia."

Hilo ndilo neno langu. Mtu akiniletea jambo, jema au baya, mimi husema nimesikia, halafu nanyamaza. Nikinyamaza hivyo, yeye mwenyewe huanza kupunguza alichokuwa anataka. Limenisaidia katika biashara kuliko kalamu ilivyowasaidia wengine.

Sasa siku moja naingia kibandani kwangu pale Laare, ambako akina mama hufunga miraa kwa majani ya mgomba, na wote wananyamaza. Mmoja anasimama, anafuta kiti kwa leso, anasema, "Karibu, Mkubwa," na wenzake wanaficha nyuso ndani ya majani. Nikafikiri labda nina kitu kwenye suruali. Nikatoka nje. Mwendesha boda boda mmoja akazima pikipiki yake kwa heshima nisiyoielewa.

"Mkubwa, hatujakosea, eh?"

"Mkubwa wa nini?"

Akatoa simu akanionyesha.

Kitabu cha binti yangu kilikuwa kinasomwa kwenye simu na kila mtu Meru isipokuwa mimi. Ndani yake kuna msichana anayepata nguvu kutoka kwenye barafu ya Mlima Kenya, anavaa soksi ndefu na anapaa. Adui wake ni mkubwa wa majambazi wote, kuanzia vilima vya Nyambene mpaka Embu mjini. Hana jina, anaitwa Mkubwa. Amevaa koti langu refu la kijivu. Amevaa kofia yangu. Ana kijiti mdomoni upande wa kushoto, na pengo upande wa kulia, kama mimi. Anakaa kwenye kigoda cha miguu mitatu ambacho mtu mwingine hakigusi. Pembeni ya kigoda kuna jogoo mwenye jicho moja, na ni wangu kabisa, ila wa kitabuni amevishwa mkufu wa dhahabu. Watu wanakuja wakitetemeka, wanamwambia Mkubwa shida zao, na Mkubwa anasema, "Nimesikia." Ukurasa unaofuata mtu huyo hayupo tena.

Sitadanganya, nilifurahi. Ni wazee wangapi wa rika langu wamechorwa? Mmoja ana picha ya kitambulisho na masikio yake hayaonekani.

Lakini niliposoma mpaka mwisho, kwa picha na kwa maneno machache niliyoweza, nilikasirika. Nikampigia binti yangu.

"Huyu Mkubwa ni mimi."

"Baba, ni mtu wa kubuni tu."

"Na jogoo?"

Akaguna. Halafu akasema, "Nilitafuta mtu ambaye akikaa kimya watu wanaanza kukiri. Sikuhitaji kwenda mbali."

"Nimesikia. Lakini kwa nini anashindwa kila mara? Mtu ana malori yote hayo, ana watu, ana maghala, halafu anapigwa na msichana wa soksi?"

"Ndivyo hadithi hizi huenda, Baba. Mbaya lazima ashindwe."

"Basi ashindwe kwa akili. Huyu Mkubwa wako anamkamata msichana, anamfunga kamba, halafu badala ya kumaliza kazi anaanza kumweleza mpango wake wote. Ni nani hufanya hivyo? Mimi sijawahi kumweleza mtu mpango wangu. Mama yako alijua tunajenga alipoona lori la mawe."

Yalikuwa mazungumzo marefu kuliko tuliyofanya kwa miaka mingi, na nadhani tungeyaacha hapo kama si posa.

Binti yangu alikuwa na kijana wake wa Runyenjes, anayefanya kazi ofisini Embu mjini. Kijana mzuri, anasalimia kwa mikono miwili. Wazazi wake walikuwa waje kwangu kuzungumza, siku ilikuwa imepangwa, mbuzi wa kuchinja nilikuwa nimemchagua. Wiki ile binti yangu akaja nyumbani bila kupiga simu, akakaa jikoni na mama yake, akawa anauma kucha. Nikajua jambo limeharibika. Anapouma kucha ni kama mbwa anapolia kabla ya mvua.

"Baba yake amekiona kitabu," akasema. "Amekionyesha watu wote kwenye kiwanda cha kahawa. Alikuwa amepewa picha yako tuliyopiga Krismasi, akaiweka kando ya ile ya kitabuni. Anasema hatapeleka ukoo wake kwa nyumba ya majambazi."

"Hajui kwamba ni hadithi?"

"Anajua msichana wa kupaa ni hadithi. Wewe anasema hufanani na hadithi."

Kijana alikuwa amembembeleza baba yake mpaka akakubali kuja mara moja tu, kutazama. Akiona dalili yoyote ya Mkubwa, anageuza gari, na habari ya ndoa imekwisha. Binti yangu aliyasema haya bila kulia, na hiyo ilikuwa mbaya zaidi. Alinitazama mimi, halafu kofia yangu, halafu kigoda changu, halafu jogoo aliyekuwa amelala juu ya kiatu changu.

Mke wangu akasema, "Vua hiyo kofia."

Ndivyo tulivyoanza. Kofia ikafungiwa kabatini. Koti likapelekwa kwa jirani. Kigoda kikawekwa ghalani, nikaletewa kiti cha plastiki cheupe ambacho kilinifanya nionekane kama mtu anayesubiri kung'olewa jino. Jogoo akatiwa chini ya tenga. Kisha mke wangu akanifundisha kutabasamu. Nilifanya mazoezi asubuhi nikipokea maziwa, na mama wa maziwa akaniuliza kama nimekula kitu kibaya.

Tatizo kubwa lilikuwa desturi yenyewe. Kwetu baba wa binti hazungumzi ovyo siku ya posa. Anakaa kimya katikati, na msemaji wake ndiye anayesema. Nyuma yake wanakaa wazee wa rika lake. Wageni wanasimamishwa langoni kwanza, wanaulizwa wametoka wapi na wanataka nini, na wakiingia kitu cha kwanza wanachomkabidhi ni kifurushi cha miraa kilichofungwa vizuri kwa jani la mgomba. Binti yangu alipokuwa akichora Mkubwa alikuwa hajabuni kitu. Alikuwa amechora posa, akaongeza bastola.

Kwa hiyo nikawaambia wazee wenzangu waje bila makoti, wakae mbali mbali, wasikunje uso. Kwa mzee mmoja hilo halikuwezekana maana uso wake ulikunjika zamani, tukamweka jikoni. Msemaji wangu, mwenye sauti kama kokoto ndani ya debe, nikamwambia, "Leo usibishane na watu. Chochote watakachosema, kubali."

"Chochote?"

"Chochote."

Akanitazama kama mtu aliyeambiwa auze mama yake. "Nitasema," akajibu, "lakini usije ukasema ni mimi nilitaka."

Wageni wakaja. Lango tuliliacha wazi, mtu hakuwauliza kitu, nikaona wanasita nje na kutazamana, wanawake wao wakiwa wameandaa nyimbo za kubisha ambazo hazikupata mlango wa kubishia. Wakaingia kimya. Baba ya kijana alikuwa mkulima wa kahawa mwenye masharubu makubwa, amekaza mkono kwenye funguo za gari. Akanipa kile kifurushi. Nilitambua fundo, walikuwa wamenunua kibandani kwangu. Nikatabasamu. Mama mmoja wa Runyenjes akarudi hatua nyuma.

Tukakaa, tukaomba, tukanywa chai. Yule wa masharubu akasafisha koo.

"Tumekuja na mbuzi," akasema. "Mbuzi mwenyewe anachechemea, na barabara ilikuwa mbaya, lakini tulisema tusije mikono mitupu."

Kila mtu anayeishi upande huu wa mlima anajua hivyo ndivyo mambo huanza. Mgeni anamtaja mbuzi kiwete. Mwenyeji anakasirika, anauliza kama binti yake alilelewa kwa nyasi. Mgeni anakumbuka mtamba aliyekuwa amemsahau. Mwenyeji anauliza habari ya asali. Watu wanapandishiana sauti, wanatoka nje kushauriana, wanarudi, na jua likielekea kuzama wanakula nyama wakicheka. Mbuzi kiwete si mahari, ni kubisha hodi tu.

Msemaji wangu akameza mate.

"Inatosha," akasema.

Hata nzi walitua. Yule wa masharubu akaweka kikombe chini.

"Inatosha nini?"

"Huyo mbuzi. Asanteni sana. Mchukueni tu msichana."

Wakaanza kunong'onezana kwa Kiembu, wakidhani hatusikii. Kiembu na Kimeru ni majirani wa ua mmoja, nilisikia yote. Shangazi mmoja alisema lazima ni mgonjwa. Mwingine akasema pengine ameshaolewa mahali. Binti yangu alikuwa mlangoni na sinia ya maandazi, na nikaona uso wake ukianguka polepole kama ukuta wa udongo kwenye masika. Baba yake alikuwa amemtoa kwa mbuzi kiwete mbele ya wakwe, huku akitabasamu.

Yule wa masharubu akasimama. Akaniuliza mimi mwenyewe, akimruka msemaji.

"Mzee, huyu msichana ana shida gani?"

"Hana shida."

"Basi kwa nini mnamtupa?"

Nikawa bado natabasamu, uso ulikuwa umegandia hapo. Akachukua koti lake. Wanawake wakakusanya vikapu. Kijana alikuwa amemshika baba yake mkono akisema, "Baba, ngoja, tafadhali," na baba anasema mwanawe haoi mahali ambapo mzazi hana haya ya kumuuza mtoto wake kama gunia lililolowa.

Nilimtazama mke wangu. Akanitazama. Kisha akaingia ndani, akarudi na kofia.

Niliivaa. Nikasema kigoda kiletwe, kikaletwa. Nikakaa, nikatia kijiti mdomoni. Mtu fulani, mpaka leo hajakiri, aliinua tenga, na jogoo akaja akipiga hatua zake za upande mmoja, akapanda juu ya kiatu changu akawakazia wageni jicho lake.

"Kaeni chini," nikasema.

Wakakaa. Hata wa kwetu waliokuwa wamesimama wakakaa.

"Mbuzi huyo mlimtoa wapi? Mlimwokota barabarani?"

Yule wa masharubu akafungua mdomo.

"Sijamaliza. Huyu msichana amesoma. Anachora vitabu vinavyosomwa mpaka kwenye kiwanda chenu cha kahawa, mkiwa mmeacha kahawa kwenye mvua. Akinyamaza nyumba nzima inajua ana njaa ya kufanya kazi. Nimemlea mimi, kwa mgongo huu. Na nyinyi mnanitajia mbuzi wa miguu mitatu na nusu."

Nikaona mabega ya yule wa masharubu yakishuka, na funguo za gari zikirudi mfukoni.

"Mzee," akasema taratibu, "kumbe kuna mtamba. Nilikuwa nimemsahau."

"Nimesikia."

Akatokwa na jasho. "Na ndama wake," akaongeza.

Nyuma yangu msemaji wangu alivuta pumzi kama mtu aliyefunguliwa kamba. Akachukua kazi yake kutoka hapo, na sauti yake ya debe. Tulibishana juu ya asali mpaka shangazi wa Runyenjes akavua leso yake akaipiga mezani. Walitoka nje kushauriana, sisi tukashauriana ndani, tukarudiana, yule mzee wa uso uliokunjika akatolewa jikoni kuongeza nguvu. Wanawake wao wakaomba watoke tena mpaka langoni wabishe kwa nyimbo zao, maana walikuwa wamezifanyia mazoezi, na tukawafungia lango na kuwakatalia kwa muda wa kutosha. Binti yangu alipita na maandazi, akaniinamia kana kwamba ananipa moja, akasema, "Usiwaachie asali, Baba."

Wakati wa kuagana yule wa masharubu alinishika mkono hakuuachia.

"Muthoni," akasema, yaani mkwe kwa lugha zetu, maana sasa tulikuwa wakwe, "tulikuja tukiogopa kwamba wewe ni jambazi. Halafu ukatabasamu, tukaogopa zaidi."

Harusi ilikuwa Runyenjes, na jogoo hakualikwa. Binti yangu ametoa kitabu kingine. Mkubwa bado anashindwa, nimeacha kubishana, ingawa sasa hamwelezi mtu mpango wake na msichana wa soksi anapata taabu inayostahili. Ila kumetokea mkubwa mwingine, upande wa Embu, anayetawala mashamba ya kahawa. Ana masharubu yanayofika masikioni na haachi funguo za gari.

Muthoni alinipigia siku ile ile kilipotoka. Nilidhani amekasirika.

"Nimekitazama chote," akasema. "Amenichora vizuri. Lakini muthoni, wewe una jogoo na mimi sina kitu miguuni. Watu wa kiwandani wananiuliza. Mwambie msichana hata bata tu, mradi awe na mkufu."

Nikasogeza kijiti upande wa pili wa mdomo.

"Nimesikia," nikamwambia, nikanyamaza.

"Au bata bila mkufu," akasema.